Mstari wa Mwisho wa Watundali

Jumatatu, 28 Aprili

Shule imefunguliwa kwa matope. Nimevua viatu langoni kama mtu anayeingia msikitini, na naibu wa mwalimu mkuu, Bwana Kalama, akaitazama miguu yangu kana kwamba ndiyo iliyochelewa, si mimi. Hatujaivana tangu nihamishiwe hapa Tezo kutoka Malindi mwezi Januari. Yeye ni mtu wa kengele. Mimi hata nikiketi, guu moja linatembea.

Amenikabidhi kikundi cha wasichana cha ughani, kwa ajili ya tamasha la Julai.

"Mwaka jana si mlishika nafasi ya pili?" nimemwuliza.

"Ya mwisho," akasema. "Shule zilikuwa mbili."

Alhamisi, 8 Mei

Wasichana wamenigomea. Kwa adabu, lakini wamenigomea. Mashairi ya dawa za kulevya wameyachoka, ya mazingira wameyachoka, ya kusifu elimu wameyachoka mara mbili. Cindy, kiongozi wao, ana ulimi na ana kichwa cha kuulisha huo ulimi. "Mwalimu Mahira, tutungie kitu ambacho hakipo," amesema. Nikamwuliza kisichokuwapo hutungwaje. "Si ndiyo kazi yako?"

Jioni nzima nimezunguka chumbani. Chai imepoa mara mbili.

Jumamosi, 10 Mei

Nimepata! Nilikuwa kwa mama, mtaa wa Muyeye kule Malindi, tunakinga maji ya mvua kwenye mlizamu, mabati yakitupigia kelele hata hatusikizani. Nikawaza watu ambao maji haya hayawashukii. Nimewaita Watundali. Ziwa lao liko juu, limening'inia hewani, ndilo paa la nchi yao, na samaki huwapita vichwani kama ndege. Mara moja kwa mwaka hukusanyika wakaliimbia ziwa, kulishukuru kwa kutoanguka.

*Paa letu ni maji, nguzo zake ni sauti,*
*Tukinyamaza wote, nani atalishikilia?*
*Chini yako twazaliwa, chini yako twazikana,*
*Samaki wapita juu, wana wetu wawahesabu.*

Nimemsomea mama. Akasema, "Na hawa watu wako hawapiki? Mbona hakuna moshi?" Nimeongeza ubeti wa moshi. Mstari wa mwisho umekuja wenyewe nikiwa nakamua nguo, nikapiga kelele mpaka jirani akauliza kuna nini.

Jumanne, 13 Mei

Wameupenda. Huanza kwa kunong'ona, wanapanda, wanapiga mguu chini mara moja, kimya, wanapanda tena. Damaris wa kidato cha pili ana sauti nzito inayokuja na kicheko ndani yake. Hawezi kumaliza ubeti bila kucheka, na akicheka kikundi kizima kinamwagika. Ni yatima, anaishi na bibi yake, Nyevu, huko nyuma ya mashamba ya mihogo. Ningemtoa, lakini sauti ile sina nyingine.

Bwana Kalama alipita dirishani mara tatu. Sijui anatafuta nini.

Jumanne, 20 Mei

Mstari wa mwisho umeanza kuchuja. Siku ya kwanza ulinisimamisha nywele. Leo wameuimba kama wanaoitana uji. Nataka majaji waupate wa moto, kama mahamri yanayotoka mafutani. Basi nimewapiga marufuku: mazoezini tutaishia mstari wa kabla yake, tupige mguu, tuketi. Na kwa kuwa wasichana hawa ukiwakataza jambo bila sababu ndipo wanapolifanya, nikawapa sababu. Nikawaambia kwamba huko Tundali, anayeutamka mstari ule kabla ya siku yake huyateremsha maji.

Lo, walivyonyamaza! Nilijiona fundi.

Ijumaa, 23 Mei

Mvua.

Jumanne, 27 Mei

Nguo zangu bado zimelowa, naandika hivyo hivyo.

Mchana baada ya chakula nilikuwa chumba cha walimu. Mbingu ilikuwa imeshafanya giza. Kumbe kule kidato cha pili Damaris alipanda juu ya dawati, akaniigiza mimi, mikono kiunoni, guu likitikisika, akawaimbia wenzake wimbo mzima. Mzima. Wanasema Cindy alimwambia ashuke, akakataa, akautoa mstari wa mwisho kwa ile sauti yake yote, kisha akacheka.

Upepo ukaja. Sijapata kuusikia upepo wa namna ile huku Tezo. Ulishika paa la darasa lile pembeni, ukaliinua kama mtu anayefunua sufuria, ukalitupa uwanjani. Maji yakawashukia wote. Bati moja lilimwangukia Jedida, mmoja wa wasichana wangu wa kikundi, mkononi, mkono ukavunjika. Nilipofika alikuwa ameketi kwenye maji, ameushika mkono wake kama si wake, halii. Waliokuwa wakilia ni wengine, na walikuwa wamesimama upande mmoja wa darasa. Upande wa pili alikuwa Damaris peke yake, bado juu ya dawati.

Jedida amepelekwa hospitali Kilifi. Mfupa umevunjika vibaya lakini utaunga. Fundi aliyekuja kutazama anasema mbao za paa zilikuwa zimeoza tangu mwaka juzi.

Jumatano, 28 Mei

Hakuna aliyeketi karibu na Damaris. Hajacheka leo.

Ijumaa, 30 Mei

Nimelisikia neno. Nilikuwa nyuma ya mlango wa jikoni, na msichana mmoja akamwambia mwenzake, "Usile naye. Bibi yake ni mutsai, ndiye aliyemfunza." Kwa Kigiriama ndiyo mchawi. Nilitoka nikawakemea, nikawaambia mambo ya ushamba hayo. Wakaniomba radhi na nyuso zao hazikuniomba kitu.

Nimemkuta Bwana Kalama ofisini nikamweleza nikicheka kidogo, kama ninavyocheka mambo ya huku. Yeye hakucheka. Akafunga mlango.

"Mwalimu, wewe ni mtu wa mjini. Baba yangu mdogo alianza kuitwa jina hilo kwa mzaha. Watoto walianza, watu wazima wakamaliza. Tulimzika na majeraha ya panga."

Nimetoka pale nikiwa mdogo. Huyu mtu nimemwandika vibaya humu tangu Januari.

Nimekwisha kuelewa kilichoko. Si mtoto kununiwa. Kuna mwanamke mzee, mvi kichwa kizima, anayeishi katika nyumba ya udongo na mjukuu mmoja, na mimi kwa mdomo wangu nimewapa watu sababu.

Jumanne, 3 Juni

Leo gwarideni nimesema kweli. Nimewaambia hakuna Watundali, hakuna ziwa, hakuna mwiko. Niliutunga mimi wimbo huu, Muyeye, nikifua nguo.

Cindy akanyoosha mkono. "Mwalimu, hata nyimbo za zamani kuna mtu alizitunga. Huenda naye alikuwa anafua."

"Huu ni wa uongo, Cindy."

"Kama ni wa uongo, mbona ulitukataza?"

Shule nzima ikanitazama. Sababu ilikuwa ulimini, na ilikuwa ndogo na ya aibu, nikaimeza. Nikasema ilikuwa sehemu ya hadithi. Hata mimi nilisikia ilivyokuwa nyepesi. Kisha, kwa hasira na kiburi, nikafanya jambo ambalo nilidhani litayamaliza. Niliuimba mstari wa mwisho mbele yao wote, kwa sauti:

*Sasa shuka kidogo, tunawe uso!*

Waliokuwa mbele waliziba masikio. Wa nyuma walikimbia.

Na saa nane mvua ikanyesha. Mwezi wa Juni, Tezo, na kila siku inanyesha! Lakini nani atasikia hayo?

Jumatano, 4 Juni

Damaris hakuja shuleni.

Jumamosi, 7 Juni

Idi. Nimekula pilau bila kujua ladha yake. Mwanamke aliyekuja kumpa mama mkono wa Idi akasema, "Mahira, ati huko kwenu kuna bikizee ameuza wimbo kwa mwalimu wa Malindi, sasa unaangusha majumba?" Nikamwambia mwalimu ni mimi, na wimbo ni wangu. Akanitazama kwa huruma. "Wewe mwenyewe hujui ulikoutoa, mwanangu. Lisemwalo lipo."

Mama aliniona nilivyozunguka uani akasema nikae, nitamtobolea sakafu.

Jumanne, 10 Juni

Wamempiga mawe Nyevu. Si mwili, paa. Lakini mawe huanzia juu, kisha hushuka. Bwana Kalama ndiye aliyenipa habari. Tangu juzi usiku anakwenda kukaa mlangoni kwa yule bibi na tochi na redio, kisha asubuhi anakuja kupiga kengele. Hajasema neno kwa mtu. Macho yake ni mekundu.

Alhamisi, 12 Juni

Nimekwenda. Kalama alinionyesha njia. Nyevu alikuwa anasuka makuti uani, Damaris akimpa miyaa.

"Shikamoo, hawe," nikamwamkia kwa neno la kwao la bibi.

"Marahaba. Ndiye wewe mwenye wimbo?"

"Ndiye mimi."

"Wimbo wako mzuri. Huyu alikuwa akiuimba hapa mpaka kuku wanaujua. Sasa mbona wewe ndiye mwenye wimbo, na mimi ndiye nalala macho?"

Nikachuchumaa kando yake. Nikamwambia naweza kumtafutia chumba Malindi, akae kwetu mpaka yapoe. Alikasirika hata makuti akayaweka chini.

"Nikahame? Nikihama si watasema kweli nilikuwa nao uchawi? Mimi hapa nimezaa, nimezika. Jirani yangu Kadii tumeombana chumvi miaka yote. Wiki hii mtoto wake kaja mpaka pale kwenye mnazi, kisha akaitwa arudi. Sitaki chumba chako mimi. Nataka Kadii aje aombe chumvi."

Damaris alinisindikiza mpaka njiani. Nikamwambia arudi shule. Akauliza, bila kuniangalia, "Mwalimu, ni kweli mimi ndiye niliyemvunja Jedida mkono?"

Nimesema hapana. Nimesema hapana mara nyingi. Hakuniamini, na kwa nini aniamini? Mimi ndiye niliyemwambia ndiyo.

Ijumaa, 13 Juni

Nimemwita Cindy kando ya ukuta wa darasa lisilo na paa. Nikamwambia sasa nitajibu swali lake.

"Niliwakataza kwa sababu mlikuwa mnauchosha mstari. Nilitaka majaji waupate mpya. Nilitaka kushinda, Cindy. Mwaka jana tulikuwa wa mwisho na nilitaka Bwana Kalama ajue kwamba mimi si mtu wa mwisho. Mambo ya maji kuteremka niliyatia ili mniogope."

Aliegemea ukuta. Kisha uso wake ukabadilika, si kwa heshima.

"Kumbe ni hayo tu?"

"Ni hayo tu."

"Ili upate kikombe?"

"Kikombe."

Alicheka, akafunika mdomo, akacheka tena. Ameniona nilivyo, na imeniuma. Lakini niliona hofu ikimtoka mabegani. Kwamba wimbo umetungwa na mtu halikumsumbua hata kidogo. Kilichomfungua ni kuona kwamba aliyeutilia mwiko alikuwa mtu mwenye tamaa ya kikombe cha bati.

Kisha akaacha kucheka. "Mimi ndiye niliyekuwa wa kwanza kusema habari za bibi yake," akasema. Akaanza kulia kama mtoto, na ni mtoto.

Jumatatu, 16 Juni

Kalama amezungumza na naibu wa chifu. Baraza ni kesho, uani kwa Nyevu. Sili, siketi. Nimefua hata nguo safi.

Jumanne, 17 Juni

Walikuja wengi kuliko nilivyotaka. Wazazi, vijana waliosimama nyuma na mikono mifukoni, Kadii na watoto wake, Jedida na mkono wake wa plasta. Nyevu aliketi mlangoni kwake, hakuvaa sura ya mtu anayeombewa.

Naibu wa chifu alizungumza sheria. Walimsikiliza kama wanavyosikiliza sheria. Kisha nikasimama.

Nilitaka kuanza kwa maneno mazuri, ninayo. Nikayaacha. Nilisema: "Mimi ni Mahira, mwalimu wa watoto wenu. Nilitaka kikombe." Nikawaeleza yote: mahamri ya moto, majaji, Kalama na shule zake mbili. Nikawaambia nilivyowatisha watoto ili wasinichoshee mstari, na nilivyoulizwa gwarideni nikaona haya kusema. "Bibi huyu hakunipa wimbo. Nilikuwa sijawahi hata kuja kumwamkia. Paa lilikuwa bovu, na hilo shule ilijua. Mwenye kosa akitafutwa, ninaishi pale nyuma ya posho mill ya unga, mlango wa buluu."

Mzee mmoja akauliza, "Kikombe chenyewe cha dhahabu?"

"Cha bati, baba. Kimepakwa rangi."

Kicheko kikaanzia kwa wanawake. Hakikuwa kicheko kizuri. Walikuwa wananicheka mimi, mwalimu wa mjini na miguu yangu isiyotulia. Nikasimama nikachekwa. Nilihisi uso unaungua, na nikaomba Mungu wasiache.

Cindy akatoka mbele bila kuitwa. Alikwenda kumshika Damaris mkono, akamvuta katikati ya ua, na wale wasichana wengine wakafuata mmoja mmoja, Jedida wa mwisho. Wakanong'ona, wakapanda, wakapiga mguu chini. Wakafika mstari wa kabla ya mwisho, wakanyamaza. Mazoea yaliwakamata. Nilimwona Cindy amefungua mdomo na hakitoki kitu.

Aliyeutoa ni Jedida. Kwa sauti yake nyembamba, plasta kifuani: *Sasa shuka kidogo, tunawe uso.* Damaris akauingia. Kisha wote.

Mawingu yalikuwepo. Watu walitazama juu, hata naibu wa chifu. Hata mimi, Mungu anisamehe.

"Tena," akasema Nyevu. "Sikusikia vizuri."

Wakaimba tena. Akawaambia tena. Mara ya nne vijana wa nyuma walikuwa wamechoka, mmoja akapiga mwayo, wakaanza kuondoka.

Mvua ilinyesha usiku, ya kawaida. Kalama alikwenda kukaa kama desturi, akarudishwa. Nyevu alimwambia akalale kwake, redio yake inamnyima usingizi.

Ijumaa, 20 Juni

Damaris amerudi. Amecheka katikati ya ubeti wa pili. Nimemkaripia kwa furaha.

Jumatano, 25 Juni

Mmoja wa walimu bado anasema tungekwenda kuliombea lile darasa. Hayaishi yote.

Alhamisi, 3 Julai

Kadii amekwenda kuomba chumvi. Damaris alikuja mbio kuniambia kabla ya kengele. "Hata hakuwa na haja nayo, Mwalimu! Nimeiona yake, mkebe umejaa!"

Alhamisi, 10 Julai

Tamasha. Shule saba. Tumekuwa wa tano.

Jaji alikuwa mkweli. Alisema utunzi una ubunifu, hatua nzuri, sauti ya msichana mmoja ni ya kipekee. "Lakini mstari wa mwisho, ambao ndio kilele, mmeuimba kama watu waliouzoea mno. Hauna tena woga ndani yake."

Wasichana walinigeukia wote, wanangoja nikasirike. Nilimshika jaji mkono kwa mikono yangu miwili, nikamshukuru mpaka akashangaa.

Kalama alikuwa ameketi nyuma. "Wa tano," akasema.

"Kati ya saba," nikamwambia. "Si wa mwisho."

"Si wa mwisho," akakubali, na hiyo ndiyo mara ya kwanza nimeona meno yake.

Ijumaa, 1 Agosti

Tumefunga. Mabati mapya yamewekwa. Damaris anasema bibi yake siku hizi akiweka beseni chini ya mlizamu huuimba ule mstari, na mvua ikichelewa huutukana.

Jumapili, 3 Agosti

Muyeye. Mvua zimekatika, jua limerudi na vumbi lake. Nimeamka mapema, nimefungua mfereji wa uani nijaze ndoo. Ukakohoa, ukatoa hewa, basi. Nikasimama pale na ndoo mkononi, mguu ukitikisika, na bila kukusudia nikajisikia naimba: *Sasa shuka kidogo, tunawe uso.*

Nikangoja kidogo.

Kisha nikachukua ndoo, nikaenda kuomba kwa jirani.